Chungu Kilichopima Maneno

Mimi ni mwalimu wa uraia, na ugonjwa wangu ni kusema. Mume wangu hudai kwamba nikiulizwa saa ngapi, naanza na jinsi jua lilivyoumbwa. Wanafunzi wangu wa kidato cha pili hapa Nkuhungu wameshanizoea. Kengele ikilia nikiwa katikati ya sentensi, hufunga madaftari polepole kwa adabu, kama watu wanaosubiri mchungaji amalize sala ndefu.

Mada ninayoipenda kuliko zote ni demokrasia, kwa sababu inaniruhusu kwenda Athene. Sijawahi kufika huko, wala pasi ya kusafiria sina, lakini nikianza kusimulia mji ule wa Wagiriki wa kale utadhani nilizaliwa nyuma ya soko lao. Wanafunzi wanapenda kusikia kwamba siku ya mkutano wa raia, watumishi wa mji walipita sokoni na kamba iliyopakwa rangi nyekundu, wakiwaswaga wavivu kuelekea mkutanoni, na aliyekutwa na doa kwenye nguo alitozwa faini. Hapo darasa zima hucheka. Hapa Dodoma huna haja ya kamba kupata doa jekundu. Upepo wa vumbi wa saa sita tu unatosha.

Kisha huwaambia habari ya saa ya maji. Mahakamani kwao, msemaji alipewa chungu kimoja cha maji chenye tundu chini. Maji yakichuruzika, anasema. Maji yakiisha, anaketi, awe tajiri au fukara. Naipenda sana habari hiyo, na kuisimulia peke yake hunichukua nusu ya kipindi.

Mwaka juzi mwenyekiti wetu wa mtaa alikuja nyumbani akiwa amechoka. Mikutano ya mtaa ilikuwa imemshinda. Watu wachache walishika neno kuanzia saa tisa mpaka jua linazama, wengine wakaondoka mmoja mmoja kwenda kupika, na uamuzi ukabaki kwa waliokuwa na subira ya kukaa. Nikamkaribisha chai, nikampeleka Athene. Nilipofika kwenye saa ya maji alikiweka kikombe chini.

"Mwalimu, hiyo ndiyo dawa," akasema. "Kila mtu asimame mara moja tu, chungu kimoja tu. Kitengenezwe."

Sikuhitaji kuambiwa mara mbili. Pua na mdomo kutoka kwangu, ng'ambo ya uwanja wa wazi, alikaa mfinyanzi. Alikuwa mama mtu mzima, mjane, Msandawe kutoka Chemba, aliyehamia kwenye chumba cha kupanga akiwa na mikono yake na ufundi aliofundishwa na bibi yake. Mitungi ya maji, vyungu vya mlenda, vyetezo, vyote alifinyanga. Kila wiki aliwasha moto pale uwanjani kwa nyasi na kinyesi kikavu cha ng'ombe, akachoma vyombo vyake mpaka vikawa vyekundu.

Moto una moshi, na moshi ulikuwa umemletea maneno. Upande mwingine wa uwanja walihamia watumishi wanaofanya kazi kwenye wizara kule Mtumba, watu wa mashati meupe. Mmoja wao, bwana mpole na mwenye sauti nzuri ya kusomea taarifa, alikuwa ameandika barua kuomba uwanja ule ufanywe maegesho ya magari na uchomaji upigwe marufuku. Barua hiyo ndiyo ingejadiliwa mkutano ujao. Ikipita, yule mama hakuwa na pengine pa kuwashia moto. Chumba chake kilikuwa na hatua nne kwa tatu, na mwenye nyumba alishamwambia hataki hata jiko la mkaa mlangoni. Angefunga vyombo vyake arudi Chemba, akaanze upya uzeeni.

Na kusema hakuweza, au ndivyo tulivyoamini. Kwenye mkutano mmoja wa nyuma alisimama, akaanza polepole kwa Kiswahili chake chenye lafudhi ya kwao, lugha ile ya kualisha ulimi kwa vidoko. Mtu wa nyuma akaalisha ulimi kumwigiza, watu wakacheka, naye akaketi. Mimi nilikasirika sana siku ile. Nilimfuata hadi kwake nikamwambia, "Mama, usihangaike. Mkutano ujao nitakusemea mimi."

Akanitazama, kisha akatazama udongo mikononi. "Ahsante, mwalimu," akasema. Mimi nikaona shukrani tupu, nikarudi nyumbani nimejaa kama debe.

Nilipompelekea agizo la chungu cha saa, alicheka mpaka akajifuta machozi kwa kiwiko. "Miaka yote nahangaika chungu kisivuje," akasema, "leo mwalimu unaagiza kinachovuja!" Nikamweleza kazi yake. Nikamchorea ardhini. Nikamwambia tundu liwe jembamba kama njiti ya kiberiti, maji yachuruzike taratibu, mtu apate nafasi ya kupanga hoja. Akasikiliza kwa makini, akauliza swali moja tu.

"Na mimi nikitaka kusema, nitapewa chungu hichohicho?"

"Hichohicho, mama. Kila mtu. Lakini wewe usiwe na wasiwasi, nipo."

"Haya," akasema.

Chungu kilifika asubuhi ya siku ya mkutano, kizuri kweli, kina shingo fupi na mistari ya msumari begani. Tundu lilikuwa kubwa kuliko nilivyoagiza, karibu na unene wa kidole cha mwisho. Lakini nani atabishana na mfinyanzi juu ya udongo? Tukakiweka juu ya kigoda cha chuma ambacho mwenyekiti alikichomelesha Kizota, na ndoo chini yake. Kabla ya jambo lolote, akina mama walitaka kujua maji hayo yatakwenda wapi, maana bomba lilikuwa halijatoa tangu juzi yake. Mwenyekiti akaapa kwamba yataingia ndooni na kurudi chunguni, hata tone halitapotea. Hapo ndipo demokrasia ikaruhusiwa kuanza.

Bwana wa wizarani akapewa nafasi ya kwanza, kwa kuwa barua ilikuwa yake. Alikuja na karatasi. Akamsalimu mwenyekiti, akamsalimu mtendaji, akawasalimu wajumbe, wazee, viongozi wa dini, akina mama na vijana, kila kundi kwa heshima yake, akasema itifaki imezingatiwa. Maji yalikuwa nusu. Akasema hoja zake ni saba. Ya kwanza ilikuwa moshi unaochafua mashati yaliyoanikwa. Ya pili ilikuwa magari kulala barabarani kwa kukosa maegesho. Akasema, "Hoja ya tatu," na chungu kikakoroma, kikakauka.

"Muda," akasema mwenyekiti, kwa furaha ambayo hakuweza kuificha.

Mkutano ulilipuka kwa kicheko. Nami nilicheka, tena kwa sauti. Nilimwona bwana yule amesimama na karatasi yake, nikasema moyoni, msomi mzima hajui kupanga muda! Nyani haoni kundule.

Zamu yangu ikafika. Chungu kikajazwa. Nikasimama mbele, nikaunganisha viganja kama nifanyavyo darasani, nikawatazama majirani zangu, nikaona kwamba siwezi kumtetea yule mama bila kwanza kueleza msingi. Watu wataelewaje haki ya mfinyanzi bila kujua mahali penyewe saa ya maji ilipotoka? Nikaanza na Athene. Nikasema juu ya mlima walikokutana. Nikasema juu ya kamba nyekundu, na watu wakacheka vizuri, nami nikipata kicheko huongeza maneno. Nikasema walichaguana kwa kura ya bahati ili hata mshona viatu apate siku yake ya kuongoza. Nikasema, kwa uchungu wa kweli, kwamba pamoja na sifa zote hizo, wanawake wao hawakuruhusiwa kutia mguu mkutanoni, wala watumwa, wala wageni waliohamia. Nikanyoosha mkono kuelekea kwa mfinyanzi aliyekaa safu ya mwisho, nikavuta pumzi, nikasema, "Sasa, ndugu zangu, tukirudi hapa kwetu."

Chungu kikakoroma.

Mkuki kwa nguruwe. Nilimgeukia mwenyekiti nikamwambia ndiyo kwanza naanza. Akasema, "Mwalimu, sheria ni yako." Nikasema labda chungu kipya kimekunywa maji, vyungu vipya hunywa. Bwana wa wizarani akasema kwa sauti yake nzuri kwamba hata yeye kilimnywea. Watu walicheka safari hii kuliko safari ya kwanza. Mume wangu alikuwa ameinamisha kichwa, mabega yanatikisika.

Nikaketi. Kicheko hakikuniumiza sana. Nimefundisha watoto wa kidato cha pili, ngozi yangu ni ngumu. Kilichoniumiza ni kwamba nilikuwa nimeahidi. Kila mtu husimama mara moja, nami mara yangu niliimwaga Ugiriki. Mwenyekiti akauliza kama kuna mwingine wa kusema juu ya barua ile, kabla hatujapiga kura. Sikuthubutu kugeuka nyuma.

"Nipo mimi," ikasema sauti.

Alipita katikati ya viti vya plastiki, khanga yake ya pili ameifunga kiunoni kama mtu anayekwenda kazini. Alisimama karibu na chungu chake. Hakusalimu kundi kwa kundi. Alisema, "Shikamooni wazee, habari zenu wengine," akangoja waitikie. Kwa nyuma mtu alianza kualisha ulimi, na mwenyekiti akanyoosha kidole kwenye maji. "Maji ni yake," akasema.

"Moshi ni wangu, sikatai," akasema. Maneno yalikuja polepole, moja moja. "Nachoma mara moja kwa wiki. Siku yoyote, ikifika nyasi. Sasa nauliza. Ninyi mnafua siku gani?"

Tukatazamana. Hakuna aliyetegemea kuulizwa kitu. Mama mmoja akasema Jumamosi. Mwingine akasema Jumamosi na Jumapili baada ya kanisa. Bwana wa wizarani, alipotazamwa, akakubali kwamba kwake pia ni Jumamosi.

"Jumatano?" akauliza.

Hakuna anayefua Jumatano.

"Basi nitachoma Jumatano." Akamgeukia bwana yule kwa upole. "Na gari lako, baba, linaondoka saa ngapi?"

"Saa kumi na mbili asubuhi."

"Linarudi?"

"Jioni. Saa kumi na mbili hivi."

"Mimi nawasha saa mbili. Saa nane nimeshazoa majivu. Mchana uwanja hauna gari. Usiku uwanja hauna moto." Akafikiri kidogo. "Nimemaliza."

Akarudi kwenye kiti chake. Chungu bado kilikuwa na maji, yakachuruzika yenyewe huku sisi tukiyasikiliza. Nakumbuka nilivyoona aibu na furaha kwa pamoja, mpaka sikujua nicheke au nilie. Tulikuwa tumebishana juu ya uwanja ule kwa msimu mzima, barua ikaandikwa na muhuri ukagongwa, na hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kuwaza kwamba moto wake na magari yao havikutani.

Kura ilikuwa ya mikono, kwa wanaokubali moto Jumatano na magari usiku. Nilihesabu mpaka nikaacha, maana ilikuwa wazi. Mkono wa mwisho kupanda ulikuwa wa bwana wa wizarani, na karatasi yake ya hoja saba ikiwa bado humo kiganjani. Baadaye alimfuata mama yule akaagiza mtungi wa maji.

Jumatano ya kwanza nilikuwa na kipindi kimoja tu, nikapita uwanjani. Moto ulikuwa umeshika, upepo unapeleka moshi upande wa reli, kamba zote za nguo ziko tupu. Nikamwamkia, nikaketi juu ya debe lililopinduliwa. Alikuwa anapanga vyungu vibichi vya zamu ya pili. Kwa mara ya kwanza nilitambua jinsi anavyopenda kuzungumza. Alinieleza udongo wa mtoni na udongo wa kichuguu, alinieleza bibi yake, alimwigiza mwenye nyumba wake mpaka nikashika mbavu. Nilimfahamu kwa miaka na sikuwa nimewahi kunyamaza kiasi cha kuyasikia hayo.

Hatimaye nikaomba radhi. Nikamwambia nilijiandaa kweli, hoja zangu zilikuwa nzuri, ni tundu tu. Tundu lilikuwa kubwa mno, mama, si kama njiti ya kiberiti. Labda udongo ulitanuka motoni.

"Udongo hautanuki motoni," akasema. "Unasinyaa."

Akaendelea kupanga vyungu.

"Mama," nikasema, "ningekusemea vizuri."

"Najua, mwalimu," akasema, akaniwekea mkono wake wenye udongo begani. "Ndiyo maana nilitoboa kubwa."