Sekunde za Bibi Disketi

Wifi yangu, mke wa kaka, tulimpa jina la Bibi Disketi. Anatengeneza kompyuta, na hatupi kitu hata kikiwa kibovu. Mwaka jana nilimwamuru achome boksi la disketi lililokuwa likinijazia stoo. Akaitikia "sawa, wifi", nami nikaamini.

Kisha asubuhi moja kompyuta kuukuu inayoongoza mashine yangu ya kutotolesha vifaranga ikatoa moshi, ikazimika. Ndani ya mashine mlikuwa na mayai elfu nne, siku ya kumi na tisa. Joto likishuka sana, vifaranga wote wanafia ndani ya maganda. Nilimpigia wifi simu.

Alikuja na kompyuta ya mkononi, kifaa cha kusomea disketi, na boksi lile lile.

"Si nilikwambia ulichome hilo?"

"Nilikudanganya," alisema, akichambua disketi.

Aliiweka programu ya mashine, aliyoitoa kwenye disketi moja, ndani ya programu nyingine, inayojifanya kompyuta ya miaka ile, akaunganisha waya. Hita zikawaka. Nilishusha pumzi mapema mno. Baada ya dakika chache skrini iliandika siku ya ishirini. Mara, ishirini na moja. Mashine ikadhani vifaranga wameshatoka. Ikafungua matundu ya hewa, ikazima hita.

"Chomoa hicho kitu, unaniulia vifaranga."

"Nikichomoa hita haziwaki tena. Tulia." Aliinamia kibodi. "Programu inahesabu muda kwa mwendo wa kompyuta yake ya zamani, na yangu inakimbia. Lazima niipunguze. Tazama saa ya ukutani, unihesabie sekunde kwa sauti."

Nilihesabu. Mimi nikifika kumi, skrini ilikuwa imepita elfu tano. Akapunguza. Kumi yangu, mia mbili yake. Kipimajoto kikashuka hadi thelathini na nne, thelathini na tatu. Nikasahau kuhesabu.

"Usinyamaze, wifi."

Kumi yangu, kumi na mbili yake. Kisha kumi kwa kumi. Akairudisha siku ya kumi na tisa, matundu yakajifunga, hita zikawaka.

Siku ya ishirini na moja, ile ya kweli, kifaranga wa kwanza alitoboa ganda. Nilimwita wifi. Alimtazama, akatazama saa ya ukutani.

"Amechelewa dakika nne."

Nilicheka huku nalia. Stoo sasa ni yake yote, na atakayeligusa boksi lile atanitambua.