Jiwe la Foleni

Polikarp Komba, fundi cherehani wa Majengo, hakukubali kusimama nyuma ya mgongo wa mtu. Hiyo ndiyo ilikuwa kanuni yake, na aliishika kuliko alivyozishika amri kumi za Mungu, ambazo baadhi yake aliziona zina nafasi ya mazungumzo.

Hakuzaliwa na kanuni ile. Aliipata miaka ya dhiki, wakati sabuni, sukari na vitambaa vilipouzwa kwa foleni, na foleni ya asubuhi ilianza jioni. Watu hawakulala barabarani, waliacha mawe. Kila mtu aliweka jiwe lake kwenye mstari mbele ya duka, akaenda kulala, na kulipopambazuka alikuja kusimama pale jiwe lake lilipo. Hakuna aliyethubutu kusogeza jiwe la mwenzake. Watu wa Songea wanastahili sifa kwa hilo: walikosa sukari, lakini hawakukosa aibu.

Jiwe la Polikarp lilikuwa bapa, la Mto Ruhila, na alilichora msalaba kwa rangi nyekundu lisije likafanana na la mtu mwingine. Siku zote lilikuwa la kwanza. Ilifika mahali watu wakitaka kusema fulani amewahi sana, walisema amelitangulia jiwe la Polikarp, na wote walijua huo ni uongo.

Kisha mambo yakalegezwa. Wafanyabiashara wakafungua maduka kila kona, na sukari ikawa inamngoja mnunuzi badala ya mnunuzi kuingoja sukari. Mitumba ikamwagwa sokoni kwa marobota, watu wakaacha kushonesha. Mtu mwingine angeshusha pumzi na kulala mpaka jua litoke. Polikarp aliendelea kuamka gizani, akafungua kibanda chake kabla wafagiaji wa soko hawajashika mifagio, akakaa nyuma ya cherehani kungoja wateja ambao hawakuja asubuhi wala jioni. Kwenye harusi alifika viti vikiwa bado kwenye lori, na mara nyingine aliombwa asaidie kuvishusha.

"Unawahi nini, Baba Dorine?" mkewe Honorata alimwuliza siku moja.

"Nawahi watu."

"Watu gani? Wako wapi?"

"Watakuja."

Haya yote Honorata aliyavumilia. Jambo lililomkaa kooni lilikuwa moja, msiba wa mama yake, kule Peramiho. Matanga yalikuwa hayajaanuliwa, wanawake wangali mikekani, Polikarp alipomwita mkewe pembeni akamwambia afunge mzigo, maana matanga yakishaanuliwa waombolezaji wote watagombania magari ya kurudi mjini. Honorata akafunga mzigo. Dada yake mkubwa, Ida, hakumzuia. Alimsindikiza hadi uani, akasema, "Nenda, mdogo wangu. Wahi gari. Mama hana haraka tena."

Tangu siku hiyo dada wale wawili hawakusemezana, nao hawakuwa na ndugu mwingine.

Basi mwaka mmoja, baada ya mavuno, tajiri wa Makambako akaleta Songea kiwanja cha michezo. Kilikuja vipande vipande juu ya malori, kikaungwa kwenye uwanja wa wazi Mfaranyaki na kuzungushiwa maturubai. Palikuwa na bembea za minyororo, farasi wa mbao wanaozunguka, na juu ya yote gurudumu la chuma lenye viti, refu kuliko nyumba yoyote mjini. Waliotoka kuuza mahindi walipanda, wakazungushwa hewani, wakateremshwa palepale walipopandia, wakaenda kuwasimulia wenzao kwamba wamesafiri.

Habari za gurudumu zilifika Peramiho. Siku ya Alhamisi mama mmoja aliyeleta maharage sokoni alipita kibandani kwa Polikarp, akamkuta Honorata, akampa ujumbe kwa mdomo.

"Ida anakusalimu. Anasema Jumapili atakuja kulitazama hilo dude. Umngoje mlangoni pale, baada ya misa ya pili. Nyumbani kwako haji. Anasema kwenye nyumba ya mumeo mtu hajawahi hata kukaa ameshaagwa."

Honorata alicheka, kisha akafuta macho kwa ncha ya khanga. Jioni ile akatoa sandukuni doti ya vitenge aliyoinunua tangu mwaka uliopita kwa ajili ya siku kama hiyo, akainyoosha juu ya kitanda. Mtu aliyemkosea mkubwa wake haendi mikono mitupu.

Polikarp naye alifurahi, kwa namna yake.

"Baada ya misa ya pili mji mzima utamiminika pale," alisema. "Tutakwenda alfajiri. Tutapanda, tutashuka, na watu wakianza kusukumana sisi tuko mlangoni, tumepumzika, tunamngoja dada yako."

"Na misa je?"

"Mungu haendi popote. Gurudumu linaondoka Jumatatu."

"Baba Dorine, mimi sitaki gurudumu. Namtaka Ida."

"Utawapata wote wawili. Shida ya watu ni kutopanga."

Jumamosi jioni alilitoa jiwe nyuma ya mlango, akalipangusa, akalibeba hadi Mfaranyaki. Alimkuta Daimu, fundi wa gurudumu, mtu wa Tunduru mwenye kofia iliyolowa grisi, akifunga mlango wa turubai. Polikarp akaliweka jiwe katikati ya njia.

"Mzee, unaniachia jiwe?" Daimu akauliza.

"Ni nafasi yangu."

"Nafasi ya wapi?"

"Ya foleni ya kesho."

Daimu akatazama barabara. Palikuwa na mbuzi mmoja tu, naye alikuwa akienda zake.

"Foleni yenyewe iko wapi?"

"Ndiyo hiyo," Polikarp alisema. "Imeshaanza."

Asubuhi, kengele ya misa ya kwanza ikilia, mume na mke walikwenda Mfaranyaki wakipishana na waumini. Honorata alikuwa amekumbatia doti yake iliyofungwa kwenye gazeti, akijibu salamu huku ameinamisha uso. Jiwe walilikuta palepale, peke yake, limelowa umande.

"Shikamoo, mzee," Daimu alisema. "Nafasi yako imelala salama. Hakuna hata kokoto lililokufuata."

"Marahaba. Tufungulie."

Wakaingia wa kwanza. Wakapewa kiti cha kwanza, Daimu akawafungia kwa mnyororo. Polikarp akashika chuma cha mbele kwa mikono miwili, akakaza taya, akangoja. Hakikutokea kitu.

"Washa basi," alisema.

"Nani, mimi? Hili ni kama gari la Mbinga, mzee wangu. Haliondoki mpaka lijae. Wawili mkizunguka peke yenu linaelemea upande, tutazikana."

"Watu watakuja lini?"

"Wakitoka kanisani. Leo Jumapili, au mzee umesahau?"

Wakafika wachuuzi wachache wa Kiislamu na mafundi baiskeli waliofunga kazi. Daimu aliwapakia kwa mpango, huku wawili, kule wawili, akilisukuma gurudumu kwa mikono kila kiti kilipojaa. Kiti cha Polikarp kikapanda kidogo kidogo hadi kikafika kileleni, hapo Daimu akatafuta kitu cha kulizuia lisirudi nyuma.

"Mzee," akaita toka chini, "naliazima jiwe lako."

"Chukua," Polikarp akajibu, na kwa kweli aliona fahari. Hata katika enzi hii mpya jiwe lake lilikuwa bado na kazi. Daimu akalipachika chini ya chuma, nao wakatulia hewani.

Kutoka juu mtu aliona mengi: safu ya milima ya Matogoro ikiwa imefunikwa na ukungu, mabati ya Majengo, kibanda cha cherehani kilichofungwa, na barabara inayokuja toka Peramiho. Jua likapanda. Kipaza sauti kikaanza kupiga muziki, na kwa vile kilikuwa kimefungwa juu ya mlingoti, kilipiga masikioni mwao. Misa ya pili ikatoka. Watu wakaja kwa makundi, nguo za kanisani, watoto mgongoni, wakajipanga mlangoni, ambako mkata tiketi alikuwa akiwakatia mmoja mmoja, foleni ikatoka nje ya turubai ikapinda na barabara. Polikarp aliitazama foleni ile kwa raha ambayo hakuwahi kuipata duniani. Enzi zile za sukari alikuwa wa kwanza ardhini. Hakuwahi kuiona foleni nzima kwa mpigo.

"Tazama, Mama Dorine. Wote wako nyuma yetu."

"Wako chini yetu," Honorata alisema. "Hatujaenda popote."

Basi dogo la Peramiho likasimama kando ya barabara. Akashuka mama mwembamba aliyefunga kilemba cha buluu, na kwapani alikuwa na kuku.

"Ida huyo," Honorata alisema polepole. "Amekuja na kuku."

Polikarp alielewa. Hakuna mtu anayepanda gari na kuku kuja kutazama gurudumu. Kuku ni wa kuchinjwa mkiwa mmekaa pamoja, maneno yakishakwisha. Maana yake Ida alikuwa tayari hata kuingia Majengo.

Honorata aliita. Muziki ukameza sauti yake. Akafungua gazeti, akakunjua kitenge kimoja, akakipunga hewani kwa mikono yote miwili. Watu waliokuwa kwenye foleni walipendezwa. Wakampungia wote, akina mama wakapiga vigelegele. Ida hakutazama juu. Aliipa foleni mgongo, akawa anaitazama njia ya kutoka Majengo, kama mtu yeyote mwenye akili angefanya.

"Mwambie yule fundi atushushe."

"Vimebaki viti vichache tu."

"Mwambie, Baba Dorine."

Daimu alikuwa chini yao kabisa, na sauti ya mwanamume ingemfikia. Asubuhi ileile walikuwa wamesemezana habari za jiwe. Polikarp aliinama, akafungua mdomo. Ndipo jicho lake likaangukia ile foleni, ndefu, mpaka kule ilikopinda.

"Tukishuka sasa," alisema, "tutaanza nyuma ya hawa wote."

"Sitapanda tena. Nishushe tu."

"Atangoja. Dada yako hana haraka."

Akafunga mdomo. Waliona yote kama watazamavyo watu walio kwenye jukwaa. Ida alizungumza na mkata tiketi. Akahama jua akaingia kivulini. Akamhamisha kuku kwapa hili kwenda kwapa lile. Basi dogo likapiga honi, likijaza abiria wa kurudi, na Ida akatazama mara moja tena njia ya Majengo, kisha akapanda.

Haukupita muda viti vikajaa. Daimu akalichomoa jiwe, akawasha mashine, gurudumu likazunguka. Watu walipiga mayowe ya furaha. Polikarp alizungushwa kama wenzake wote, na zamu ya kushuka ilipofika, kiti chake ndicho kilichokuwa juu. Waliopakiwa mwisho walishuka kwanza.

Mlangoni Honorata alimwendea mkata tiketi.

"Kuna mama alikuwa hapa, ana kuku."

"Alikuwapo. Aliniuliza kama nimewaona mzee mmoja fundi cherehani na mkewe. Nikamwambia hao ndio waliokuwa wa kwanza, wameingia tangu alfajiri. Akasema, 'Basi wameshaondoka zamani, namjua yule mtu.' Sasa ninyi mlikuwa wapi?"

Honorata alikikunja kitenge, akakirudisha kwenye gazeti, akashika njia ya Majengo bila kumngoja mumewe. Polikarp alirudi ndani kulitafuta jiwe lake, akalikuta na ufa ulioukata ule msalaba mwekundu, akalibeba hivyohivyo. Siku hiyo alikwenda hadi nyumbani nyuma ya mgongo wa mtu.

Honorata alikwenda Peramiho mara nyingi na ile doti, akaukuta mlango umefungwa. Aliporudi mara ya mwisho aliiweka chini kabisa sandukuni. Ida hakutuma neno tena. Nafasi ya kwanza kwenye gurudumu ilimgharimu Honorata dada yake.