Siku mama mkwe alipokutana na mayonnaise yangu ya Kijapani, Awendo

Wakuu, heshima zenu. Hii ilinipata mimi mwenyewe. Chumvi niliyoongeza ni ile ya kwenye bakuli tu.

Miaka ya tisini nilikuwa nimeolewa Awendo. Mimi Mkuria, bwana yangu Ochieng Mjaluo. Mama yake akitutembelea kutoka kisiwa cha Mfangano tunaongea Kiswahili, na kila mara anaonja samaki wangu kidogo, anasukuma sahani. "Nyar Kuria," yaani binti wa Wakuria, "ng'ombe mnajua. Samaki bado."

Iliniuma, msicheze. Na kupika najua!

Sasa jirani yetu alikuwa mwalimu Mjapani, volunteer. Alinionyesha mayonnaise ya kwao: viini vya mayai peke yake, siki, chumvi, sukari kidogo, halafu mafuta unamwaga polepole ukipiga. Pilipili kali niliongeza mimi.

Mama mkwe akatuma neno anakuja. Nikasema safari hii atanitambua.

Round ya kwanza niliharibu. Wakati huo sisi wote tulipikia mafuta ya kuganda. Nikayayeyusha, nikamwaga yakiwa moto.

Wueh! Viini vikaiva, nikabaki na mayai ya kukaanga yenye siki.

Mbio hadi kwa yule Msomali wa duka sokoni, nikachukua salad, yale mafuta ya chupa. Nikapiga na uma, tone kwa tone, mpaka mkono ukafa ganzi. Ikashika! Nzito, laini, kali.

Mama akafika na ngege wabichi, wale samaki tilapia. Nikawakaanga.

Tumekaa mezani ndio nikakumbuka. Huyu ni mama wa zamani. Kwa mila yao, mwanamke hali kuku wala mayai. Yai hajawahi kuweka mdomoni.

Ningenyamaza asingejua. Lakini huyo ni mama wa watu. "Mama, hiyo sauce ina mayai. Iache tu, kuna sukuma wiki."

Bwana yangu akavuta bakuli upande wake, haraka sana.

Mama akamwangalia. "Mayai mlikula wewe na baba yako. Mimi nilifuga kuku tu."

Akachovya samaki, akatafuna. Pilipili ikamtoa machozi. Akachovya tena.

Halafu akalivuta lile bakuli katikati yetu sisi wawili. "Wewe Ochieng kula sukuma. Hii ni mwiko kwa wanaume."

Nilicheka mpaka nikalia. Tangu hapo akija, samaki napika mimi, mayai analeta yeye.

Nilichojifunza: mafuta ya kuganda usiguse, na mgeni mwambie kilichomo kwenye chakula, aamue mwenyewe.

Mliooa na kuolewa mbali, nyinyi mlikubaliwa kwa sahani gani? Ama bado mnasukumiwa?