Picha ya Jembe la Baba

Leo kaka yangu kamletea mama kitabu. Mama kaomba jembe.

Kaka ni mtafiti wa chuo kikuu, anaandika vitabu kuhusu vyuma na hadubini ya elektroni, mashine ya kukuza yasiyoonekana kwa macho. (Mimi huwa naishia kwenye jalada.)

Kafika hapa nyumbani Bagara na kitabu kipya, kakifungua penye picha.
"Mama, huu ndio ufa wa jembe la baba."

Mnaokumbuka miaka ya themanini mnajua. Dukani hakuna sabuni, hakuna jembe. Baba alilima na lile lenye ufa mpaka likakatika. Alifariki hajapata jipya, na kaka akalichukua lile lililokatika kwenda kulichunguza chuoni.

Mama akaitazama sana ile picha.
"Sasa nirudishie lenyewe, nilitundike ukutani."

Kaka akajibu kwa sauti ndogo:
"Tulilikata vipande, mama. Bila hivyo hatuoni ndani."

"Mkaona nini?"

"Kwamba ufa ulianza zamani, kabla baba hajauona."

Mama akaifuta picha kwa upindo wa kanga, polepole, kama alivyokuwa akilifuta jembe baba akirudi kutoka shambani.

Kisha akanigeukia mimi.
"Kitabu kinatundikwaje?"

Mwenye jibu anisaidie.