Ugomvi Uliomwokoa Masanja

Enzi zetu pale Rwamishenye, mtaa mzima ulikuwa na televisheni moja, ya mzee wetu Ta Kato. Jumapili baada ya misa tulijazana sebuleni kwake, matumbo mazito kwa ndizi na maharage, kutazama tamthilia ya Japani ya kale. Shujaa mwenye upanga na mwanamke mdokozi, waliochukiana kama paka na panya, walisaidiana kukamata wahalifu. Kijapani hatukukijua. Ta Kato alitutafsiria, na tulishuku kuwa nusu alitunga. Tukitoka hapo tulipigana upanga kwa vikonyo vya majani ya mgomba mpaka mashati yakajaa utomvu, nao utomvu wa mgomba hautoki.

Mama hakukosa tamthilia ile. Wala Masanja, mchuuzi wa dagaa kutoka visiwa vya Muleba, aliyepanga chumba jirani. Kila mmoja alikaa pembe yake, maana mama alidai harufu ya dagaa inaingia kwenye kahawa yetu.

Siku moja kahawa hiyo, iliyoanikwa asubuhi nyuma ya nyumba, ikaibwa yote. Vijana wakasema ni nani kama si mgeni wa visiwani, wakamfuata Masanja na fimbo. Nilidhani mama angefurahi. Badala yake akasimama mlangoni pa Masanja.

"Huyu simpendi," akawaambia. "Lakini asubuhi yote tulikuwa tunagombana hapa mbele. Angeiba saa ngapi?"

Fimbo zikashuka.

Alasiri Masanja akarudi mbio kutoka kuuza dagaa Buhembe. Alisikia huko kuna mtu anahangaika kutafuta mnunuzi wa kahawa isiyokauka. Yeye na mama wakamchukua mwenyekiti wa mtaa, wakaenda pamoja. Walimkuta fundi aliyetuezekea paa, na gunia letu lenye kiraka alichokishona mama. Akapelekwa polisi bila kupigwa hata kofi.

Kahawa iliporudi, mama aliketi mkekani, akazamisha mikono ndani yake, akashusha pumzi ndefu. Kisha akampakulia Masanja chakula.

"Kula, mwanangu. Ila dagaa wako bado wananuka."

Masanja akacheka mpaka machozi yakamtoka.

Vijana wetu wa leo ni hodari wa simu. Picha ya Masanja ingekuwa imeenea kwenye magrupu yote kabla mama hajafunga kitenge. Namshukuru Mungu kwamba wakati ule uvumi ulitembea kwa miguu, na mama aliuwahi mlangoni.