Aliyeshuka Same: nilivyokusanya historia ya stesheni yetu kwa vitu vya kuazima

Wakuu, salaam kutoka Same. Haya yalinitokea mimi mwenyewe, na mashahidi wapo, wengine wana hati mkononi.

Watu waliniambia sitapata wa kuniazima hata tiketi moja ya treni.

Nilikuwa nimerudi kutoka Dar na diploma ya utunzaji wa kumbukumbu, niliyojisomesha mwenyewe (ufaulu ulikuwa wa juu, kwa wanaopenda kujua). Nikatangaza kwamba nitafanya maonesho ya historia ya stesheni yetu ya reli.

Bodaboda mmoja pale stendi, tulisoma naye, akasema: "Mpare akuazime picha ya babu yake? Labda uache figo."

Mjomba alikuwa mpole zaidi. Alisema diploma ni nzuri, ila tangawizi inalipa.

Kwa wasioijua Same: leo mji unaishi barabarani, kwenye mabasi. Zamani uliishi relini. Mjerumani alipopitisha reli ya Tanga kwenda Moshi, watu wa milimani wakaifuata huku chini. Baadaye treni ya abiria ilikatika miaka mingi, ikaja kurudi. Katikati hapo kuna vijana waliokua wakidhani stesheni ni ghala.

Mbinu yangu ilikuwa hati ya kuazima, nakala mbili, sahihi pande zote. Mpare haogopi maandishi, anaogopa asiyeandika.

Nikapata vitu kumi na tisa. Mzee mmoja aliniazima filimbi ya stesheni, akataka mashahidi wawili, kisha akaipuliza mbele yao ili nisije kusema nilipewa mbovu.

Cha mwisho kilitoka Mbaga, huko juu milimani, kwa Bibi Namsifu. Picha. Kijana amesimama stesheni, sanduku la bati miguuni. Nyuma imeandikwa kwa penseli: "Eliamini, siku aliposhuka Same."

Ni kaka yake. Bibi aliishika muda mrefu kabla ya kuiachia.

"Ikipotea hii, mwanangu, sura yake sina tena."

Nikaiskani, nikaiweka katikati ya ukumbi wa maonesho na maelezo ya herufi kubwa: SHANGWE YA KURUDI, KIJANA AKISHUKA KWENYE TRENI. Nakiri ilinipendeza. Mimi pia niliondoka nikarudi.

Siku ya maonesho ukumbi ulijaa. Yule bodaboda alikaa saa nzima akitafuta kosa, hakuliona.

Bibi Namsifu alifika na gari la Mbaga. Nikamwamkia. Hakuja na miwani, akaniomba nimsomee. Nikasoma kwa sauti ya kutosha ukumbi mzima.

Akaniuliza, "Kashuka wapi?"

"Kwenye treni, bibi."

"Kashuka mlimani. Kwa miguu. Hapo anaingojea treni ya Tanga, anakwenda kukata mkonge." Akaigusa picha kwa kidole. "Hakurudi."

Wakuu, mimi ni mtoto wa milimani. Nimeshuka Same mara zisizo na hesabu. Kwetu kushuka Same ndiko kuondoka. Hilo halihitaji diploma, na mimi nilikuwa nayo.

Nikabandua maelezo mbele ya watu wote, nikaandika mengine kwa mkono. Bodaboda hakucheka. Alinishikia gundi.

Wiki iliyofuata nikazunguka kurudisha. Filimbi ilipulizwa tena mbele ya mashahidi walewale. Nikamalizia Mbaga.

Bibi alivaa miwani, akaikagua picha mbele na nyuma. Chini ya hati yangu pameandikwa: "Kitu kilichoazimwa kimerudi. Sahihi."

Akaomba kalamu, akayakata maneno yangu, akaandika juu yake taratibu: "Eliamini amerudi." Ndipo akatia sahihi.

Hati kumi na nane nimezifunga kwenye faili. Hiyo moja bado iko mezani kwangu, sijui niipange chini ya herufi gani.

Nilichojifunza: kabla hujaandika maelezo ya picha ya mtu, uliza alikuwa anaelekea wapi.

Wa Makanya, Hedaru, Mwanga na kwingine kwenye reli hii: kwenu nani alishuka, na picha yake anayo nani? Wataalamu wa diploma pia mnaruhusiwa kunisahihisha, ila mje na hati.