Mlango Pweke wa Mikokoni

Naikumbuka siku niliyokwenda Mlango Pweke mara ya kwanza, mwanangu. Leo mimi bibi yako nakusimulia kwa sababu naona unavyoshinda na simu sikioni, ukizirudia sauti alizokutumia mamako kabla hajatutoka. Sikulaumu. Kiu ya namna hiyo naijua.

Mamako Mwanaidi alikuwa bado wa kubebwa mgongoni baba yake alipofariki. Mume wangu Bakari alikuwa mchimba visima. Alikwenda kule Samburu kuwachimbia watu maji, udongo ukamporomokea, na kwa kuwa ni mbali wakamzika huko huko. Mimi huku Msambweni nikaletewa kofia yake. Kaburi sikuliona, uso sikuuona. Nikakaa eda kama mtu aliyekatizwa neno.

Nilipotoka eda, jirani mmoja akaninong'oneza habari za mlango ule. Ulikuwa mikokoni, upande wa kwendea Vanga: nguzo mbili za mawe ya matumbawe na boriti ya jiwe juu yake, hauna ukuta, hauna paa. Nani aliujenga, hakuna ajuaye. Hata wazee waliowazaa wazee wetu waliukuta. Ukisimama mbele yake maji yakiwa yamekupwa, ukamwita maiti wako kwa jina, yeye hukuitikia.

Nikaenda. Tope lilinifika magotini. Nikaita, "Bakari!" Na wallahi, mwanangu, akaitika.

"Naam, mke wangu."

Sauti ile ile, na kile kikohozi chake kidogo cha vumbi. Nililia na kucheka pamoja.

Tangu hapo nikawa mtu wa mikokoni. Maji yakikupwa, mimi huyo. Makuti niliyokuwa nikishona kwa ajili ya hoteli za Diani yakakauka uani. Mwanaidi akawa analelewa na mkwe wangu, Bi Mwanatumu, mamake Bakari, mwanamke wa maneno machache. Hakuniuliza ninakokwenda. Wahenga walisema mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, nami nikadhani mzigo wangu anauona mwepesi kama usufi. Nilisahau kwamba tulikuwa tunamlia maiti mmoja.

Ikatokea asubuhi moja Mwanaidi akasimama dede, akatembea mwenyewe kutoka jikoni hadi ukumbini. La kwanza lililonijia ni kumpelekea baba yake habari. Nikampita mkwe wangu uani pasi na kumwambia neno, nikamwachia mtoto, nikakimbia.

"Bakari! Mwanao ametembea leo!"

"Niwekee wali," akajibu, "huenda nikachelewa."

Nikadhani hakusikia. "Nasema Mwanaidi ametembea!"

"Usiwe na wasiwasi. Kisima kimoja tu hiki, halafu narudi."

Yale ndiyo maneno aliyoniambia siku ya safari yake. Nikabembeleza, nikamsihi kwa jina la mtoto. Kila nililosema, alinipa la zamani.

Nilipogeuka, Bi Mwanatumu alikuwa nyuma yangu, kanga yake imelowa tope, Mwanaidi kiunoni. Nikamwamkia, "Shikamoo, mama."

"Marahaba." Akautazama mlango. "Mimi nilikuja baada ya arubaini yake. Nikamwita mara moja tu. Akaniomba maziwa, kwa sauti ya utotoni." "Mlango huu una sauti, mwanangu, hauna masikio. Habari ya mtoto kutembea ungeniambia mimi. Ulinipita uani. Nami ninayo mengi ya Bakari, nakaa nayo peke yangu kwa kuwa wewe hukai nyumbani."

Tulirudi tukipokezana mtoto. Njiani akanihadithia jinsi Bakari alivyokuwa akichimba mashimo uani tangu mdogo, hata kuku wakawa wanatumbukia. Sikuwahi kuisikia hiyo. Nikacheka, na safari hii nilicheka na mtu.

Sikwambii kwamba hamu iliondoka. Hata sasa nikisikia mtu akikohoa barabarani, mimi hugeuka kutazama. Niliwahi kualikwa arusi Vanga, tukapita karibu na mikoko ile; nikaomba kukaa upande wa pili wa gari, nisiutazame mlango.

Basi nasaha yangu ni hii. Sauti ya mamako ihifadhi, ni haki yako, lakini usiitwike kazi isiyoiweza. Huzuni mpelekee mwenye masikio: dada yako, shoga yako, mimi bibi yako niliyemzaa huyo unayemlilia. Maiti haki yake ni dua, na kutunzwa kwa aliowaacha. Yapo mambo ya Mwanaidi usiyoyajua, nami yapo nisiyoyajua, unayo wewe. Tusizeeke nayo kila mtu pembeni yake.

Mola akupe subira yenye joto la watu. Amlaze mamako pema, akupe nyumba isiyokosa wa kukuitikia, na wa kukusikia pia. Amin, mwanangu.